Shujaa Huzaliwa Penye Unyonge

Hakuna watu duniani, wawe wengi au wachache, wasiokuwa na masimulizi ya mtu mmoja aliyepewa nguvu zipitazo kiasi cha binadamu. Wayunani wa kale walimsifu Achilles; Waajemi walimsifu Rustam; Wamandinka wa Afrika Magharibi humsifu Sundiata mpaka leo. Sisi watu wa visiwa vya Lamu, tangu Amu na Manda mpaka Pate na Kiwayu, tunaye Fumo Liyongo. Mtoto wa kwetu hulijua jina hilo kabla ya kujua kuliandika.

Mimi ni mwalimu wa shule katika visiwa hivi. Kila mwaka nisomeshapo habari za Liyongo hutokea mwanafunzi akanyosha mkono na kuuliza, "Mwalimu, mtu huyu alikuwako kweli?" Swali hilo ni la haki, wala halistahili kuchekwa, kwa maana historia isiyoulizwa maswali hugeuka kuwa uvumi. Lakini liko swali la pili ambalo aghalabu halinyoshewi mkono, nalo ni hili: shujaa huyu alifanywa na nani, na kwa haja gani? Swali hili la pili nilifundishwa na picha ya sinema. Picha hiyo ilitengenezwa hapa Kenya, ikatolewa mwaka 2018, na jina lake ni Supa Modo. Katika insha hii nataka kuwaweka pamoja mashujaa wawili, mmoja wa utenzi na mmoja wa sinema, mmoja jitu la mwambao na mmoja mtoto mgonjwa wa bara, ili tuone jinsi shujaa anavyofanywa na jinsi anavyotolewa mbele ya watu.

Tuanze na mkubwa. Wanazuoni wamehitilafiana juu ya zama za Liyongo: wako wanaomweka katika karne za mwanzo za miji ya mwambao, na wako wanaomleta karibu na karne ya 17. Wanalokubaliana ni kuwa jina lake limefungamana na nchi iliyo baina ya kisiwa cha Pate na mlango wa Mto Tana, nchi ya Shaka, Ozi na Kipini. Mwaka 1870 Edward Steere alipiga chapa mjini London kitabu cha hadithi alizozikusanya Unguja, na ndani yake mna habari za Liyongo. Basi wakati huo sifa za mtu huyu zilikuwa zimekwisha kuvuka bahari, zikasimuliwa mbali na kwao.

Kisa chenyewe, kwa ufupi, ni hiki. Liyongo alikuwa mrefu kama jitu, hodari wa upinde na mtunzi wa nyimbo. Safari iliyowachosha watu wengine kwa siku kadhaa, yeye aliikata kwa siku moja. Na ndani ya mkoba wake alichukua kinu, mchi, mawe ya kusagia na vyungu, kama mtu mwingine achukuavyo tambuu. Mfalme wa Pate alimhofu, akaona kuwa mwenye nguvu kama hizo hakosi siku moja kukitaka kiti cha enzi. Akawaahidi watu fedha ili wamwue. Wale watu wakafanya shauri la kwenda pamoja na Liyongo kuchuma makoma, kila mmoja apande mti kwa zamu yake. Na zamu ya Liyongo ifikapo, naye yu juu hana pa kukimbilia, wamtie mishale. Zamu yake ilipofika, Liyongo hakupanda. Alisimama chini akayaangusha makoma kwa mishale yake mwenyewe, na wenziwe wakatazamana.

Baadaye alikamatwa akafungwa kwa minyororo. Mama yake akampeleka mjakazi aitwaye Saada na mikate. Ile mizuri walinzi waliitwaa wakaila, na ule mkate wa wishwa wakaudharau wakauacha umfikie mfungwa. Ndani ya mkate huo mlikuwa na tupa. Usiku wa ngoma ya gungu, kishindo cha ngoma na mlio wa matoazi ulifunika sauti ya tupa juu ya chuma, na Liyongo akatoka.

Silaha iliyomshinda mwisho haikuwa mkuki wala upanga. Ilikuwa mwanawe mwenyewe. Mfalme alimwahidi kijana huyo kumwoza binti yake, na kijana akaenda kumwuliza babake ni kitu gani kiwezacho kumdhuru. Liyongo alimwambia: sindano ya shaba, ikichomwa kitovuni. Akachomwa usingizini. Akaamka, akautwaa upinde wake, akaenda hata kisimani, akapiga goti, akavuta mshale, akafa katika hali ile. Watu wa mji wakakaa na kiu siku kadhaa, hawathubutu kukaribia maji yao wenyewe kwa kumhofu maiti, mpaka mwili ulipoanguka.

Watoto wasikiapo kisa hiki hukumbuka nguvu. Nami nilipokuwa mtoto nilikumbuka nguvu. Nilipanda mikoma ya shamba la babu yangu nikijifanya Liyongo, kumbe Liyongo mwenyewe hakupanda. Lakini tukisoma kwa makini twaona kuwa habari kubwa ya kisa hiki ni mapatano ya watu. Penye mkoma watu walipatana kuua. Penye mkate mama na mjakazi walipatana kuokoa. Penye sindano baba alisalitiwa kwa mapatano ya mfalme na mwana. Nguvu za Liyongo ni moja tu siku zote. Hali yake hubadilika kwa kadiri watu walio pembeni yake wanavyokusudia mema au mabaya. Jambo hili tuliweke akilini, tutalirudia.

Aliyempa Liyongo umbo tulijualo leo alikuwa mtu wa Lamu, Muhammad bin Abubakar Kijumwa, aliyezaliwa katikati ya karne ya 19 akafariki mwaka 1945. Kijumwa alikuwa fundi wa mambo mengi: mtunzi wa mashairi, mwandishi mwenye hati nzuri, mchonga milango na mjuzi wa ngoma. Mwaka 1913 alitunga utenzi wa Fumo Liyongo, wenye beti zaidi ya 200. Kisa hakukizua, alikikuta vinywani mwa wazee na katika nyimbo za gungu. Kazi yake ilikuwa kuchagua, kupanga, kutia vina na mizani, na kukifanya kiwe kitu kimoja chenye mwanzo na mwisho. Nakala zilizoandikwa kwa mkono wake ziliwafikia wataalamu wa Ulaya, miongoni mwao Alice Werner wa Uingereza na Ernst Dammann wa Ujerumani. Mwaka 1973 Chuo cha Uchunguzi wa Lugha ya Kiswahili cha Dar es Salaam kilitoa utenzi huo chini ya uhariri wa Abdilatif Abdalla, mshairi wa Mombasa. Kutoka kalamu ya Kijumwa mpaka kitabu hicho ilipita miaka 60.

Sasa tuulize haja. Kwa nini mtu wa Lamu, mwaka 1913, aketi kutunga habari za jitu la zamani? Tutazame hali ya nchi. Mwaka 1890 majeshi ya Waingereza yalikuwa yameuchoma mji wa Witu, uliokuwa kimbilio la masultani wa ukoo wa Pate. Mwaka 1895 mwambao wetu ulitiwa chini ya himaya ya Uingereza. Mwaka 1901 reli kutoka Mombasa ilifika Ziwa Victoria, na biashara ikafuata reli, ikaziacha bandari za kaskazini. Mwaka 1907 utumwa ulipigwa marufuku katika mwambao. Lilikuwa jambo la haki kubwa, nalo liliangusha mashamba ya mabwana ambayo utajiri wao ulisimama juu ya jasho la watu wasiolipwa. Mji uliozoea kupuliza siwa ulikuwa sasa unangoja barua kutoka Mombasa. Kwa rai yangu, katika hali kama hiyo ndipo watu humkumbuka mtu ambaye minyororo haikumweza. Shujaa mkubwa hutungwa watu wajionapo wadogo.

Wala jambo hili si la Lamu peke yake. Mwaka 1938, katika miaka ya dhiki ya uchumi, vijana wawili wa Marekani, Jerry Siegel na Joe Shuster, walimtoa Superman katika gazeti la picha za kuchora. Wote wawili walikuwa wana wa Wayahudi waliohama kwao, wakikaa mji wa Cleveland, hawana mali wala cheo. Na mtu waliyembuni aliruka juu ya majumba, akainua motokaa kwa mikono yake, akawatetea wanyonge. Naye, kama Liyongo, alipewa mahali pake pa udhaifu: jiwe la kijani ambalo likiwa karibu naye nguvu humwisha. Mwaka 1966, Wamarekani weusi walipokuwa katika mapambano ya kudai haki zao, Stan Lee na Jack Kirby walimtoa Black Panther, mfalme wa nchi ya Afrika isiyopata kutawaliwa. Nchi hiyo haiko katika ramani. Ndiyo maana ilihitajiwa.

Miaka 52 baadaye Black Panther akawa picha ya sinema chini ya uongozi wa Ryan Coogler. Picha hiyo iligharimu yapata dola milioni 200, ikaingiza zaidi ya dola bilioni 1.3. Tarehe 13 Februari 2018 ilionyeshwa Kisumu kwa shangwe kubwa, kwa sababu Lupita Nyong'o, binti wa ukoo wa huko, alikuwa miongoni mwa waigizaji wake. Vijana wa Kenya walijaa furaha kuona Mwafrika ameruka mbele ya macho ya dunia nzima.

Ilikuwa wiki hiyo hiyo, katika tamasha la sinema la Berlin lililofunguliwa tarehe 15 Februari, ambapo picha nyingine ya shujaa ilipelekwa mbele ya watu kwa mara ya kwanza. Picha hii haikuwa na majumba yanayoporomoka wala merikebu za angani. Shujaa wake alikuwa msichana wa miaka 9, na udhaifu wake haukuwa jiwe la kijani wala sindano ya shaba. Ulikuwa ugonjwa usio na dawa.

Historia ya kutengenezwa kwa Supa Modo yafaa kujulikana na kila kijana anayedhani kuwa sinema hufanywa na mtu mmoja mwenye kamera. Mwaka 2008 mwongozaji wa Kijerumani Tom Tykwer na mkewe, Marie Steinmann, walianzisha shirika la One Fine Day Films. Pamoja na kampuni ya Ginger Ink ya Nairobi, shirika hilo liliandaa mafunzo ya vijana wa Afrika katika kazi zote za sinema: kuandika kisa, kuongoza, kushika kamera, kunasa sauti, kupamba mahali pa kuchezea na kuunganisha vipande vya picha. Mafunzo hayo yalizaa matunda yaliyoonekana. Soul Boy ilitoka mwaka 2010, ikiongozwa na Hawa Essuman. Nairobi Half Life ya Tosh Gitonga ilitoka mwaka 2012. Something Necessary ya Judy Kibinge mwaka 2013. Na Kati Kati ya Mbithi Masya mwaka 2016. Supa Modo ilifuata katika mstari huo.

Mwongozaji wake alikuwa Likarion Wainaina, naye alikuwa bado hajapata kuongoza picha ndefu. Kisa kiliandikwa naye pamoja na Silas Miami, Mugambi Nthiga, Wanjeri Gakuru na Kamau Wandung'u. Enos Olik alishika kamera, na Charity Kuria akaunganisha vipande. Mtoto Jo aliigizwa na Stycie Waweru. Mama yake, Kathryn, na Marrianne Nungo. Dada yake mkubwa, Mwix, na Nyawara Ndambia. Nimeyataja majina haya kwa makusudi. Katika utenzi twajua jina la Kijumwa, lakini hatujui majina ya wale wazee na waimbaji waliomtilia kisa mdomoni. Sinema, mwishoni mwake, huandika majina ya wote waliofanya kazi, mpaka ya mpishi na ya dereva. Desturi hiyo ni njema, na wanahistoria wangeshukuru kama kila kazi ya zamani ingalikuwa nayo.

Kisa cha picha ni hiki. Jo amelazwa hospitali pamoja na watoto wenziwe wagonjwa. Anapenda sana picha za mashujaa na za mapigano, na ukuta wa mawazo yake umejaa watu warukao. Mama yake anaambiwa kuwa siku za mtoto si nyingi, naye anamchukua kumrudisha kijijini, ili amalizie siku hizo nyumbani, ndani, kitandani, salama. Hapo panazuka mvutano baina ya watu wawili wanaompenda mtoto mmoja. Mama anaona kuwa kumpenda ni kumlinda. Dada anaona kuwa kumlinda kwa namna ile ni kumzika kabla ya kufa.

Mwix basi anaanza hila. Anamfanya mdogo wake aamini kuwa anazo nguvu za ajabu: kwamba akinyosha mkono, kitu kinakwenda. Hila ya nyumbani haitoshi, inatoka nje; majirani wanaelezwa, nao wanakubali kuingia. Kijiji kizima kinajifanya kutii mkono wa mtoto. Watu wazima wenye shughuli zao, wenye madeni yao na ugomvi wao, wanaacha yote ili wacheze mchezo mmoja. Hatimaye wanakubaliana jambo kubwa zaidi: kutengeneza filamu yao wenyewe, ambamo Jo atakuwa shujaa, kwa jina la Supa Modo. Wanashona mavazi, wanatafuta vyombo, wanagawana sehemu za kuigiza. Ndani ya sinema mnatengenezwa sinema.

Msaidizi mkubwa katika kazi hiyo ni Mike, aliyeigizwa na Johnson Gitau Chege, mwenye kibanda cha kuonyesha picha. Msomaji wa mjini anajua vibanda hivi. Picha ya kigeni huonyeshwa, na mtu mmoja hushika kipaza sauti akaieleza kwa Kiswahili, akatia utani, akawapa majina mapya wale waliomo, hata picha ikawa ya kwetu. Nchini Kenya DJ Afro amepata sifa kubwa kwa kazi hiyo, na Uganda na Tanzania nako wako mabingwa wake. Mtu akitazama juu juu ataona kuwa ni mchezo wa mtaani tu. Mimi namwona mtu huyu kuwa mrithi wa mghani wa tenzi, aliyeketi barazani usiku akawaeleza wasikilizaji vita vya zamani na vya mbali kana kwamba vilipiganwa mtaa wa pili. Vyombo vimebadilika. Kazi ni ile ile.

Jo anafariki. Picha haimwokoi, wala haimdanganyi mtazamaji kuwa huenda angepona. Baada ya kifo chake kijiji kinakusanyika na kuitazama filamu waliyoifanya, na mtoto aliyekuwa kitandani anaonekana mbele yao yu shujaa.

Mjini Berlin picha hii ilionyeshwa katika sehemu ya tamasha iliyowekwa kwa ajili ya watoto, ambamo watoto wenyewe ndio waamuzi, na baraza lao likaitaja kwa heshima ya pekee. Yafaa kulitafakari jambo hilo. Watu wazima wengi wangeogopa kuwaonyesha watoto kisa cha mtoto anayekufa. Watoto walipoulizwa wenyewe, hawakuogopa. Mwaka huo huo Kenya ilichagua Supa Modo iwakilishe nchi katika mashindano ya tuzo za Oscar kwa picha za lugha za kigeni. Haikufika katika orodha ya mwisho, lakini ilionyeshwa katika nchi nyingi, na watu waliisikia lugha yetu pamoja na lugha nyingine za Kenya katika kinywa cha mtoto. Mwaka uliofuata Kenya ilichagua Subira, picha ya Ravneet Chadha, inayohusu msichana wa Lamu atamaniye kuogelea baharini ingawa mila inamzuia. Basi mwaka mmoja tulipeleka mtoto anayetaka kuruka, na mwaka wa pili msichana anayetaka kuogelea.

Sasa nirudi kwenye lile jambo tuliloliweka akilini. Katika kisa cha Liyongo mna hila, na katika Supa Modo mna hila. Dini zetu na wazee wetu wametufundisha kuwa uwongo ni mbaya, nami si mtu wa kuwafundisha vijana vinginevyo. Mwanafunzi mwerevu ataniuliza: ikiwa mfalme wa Pate aliwadanganya watu na kijiji cha Jo kilimdanganya mtoto, kwa nini tumlaumu mmoja na kumsifu mwingine?

Nitajibu kwa jambo lililonipata mimi. Miaka kadhaa iliyopita darasani mwangu mlikuwa na mwanafunzi aliyeugua ugonjwa mrefu. Alikwenda hospitali za bara akarudi, akaenda tena akarudi, na kila aliporudi alikuwa mwepesi zaidi. Mimi na wenzangu tulipomtembelea tulimwambia, "Utapona, utarudi shule," tukakaa kidogo, tukaondoka. Tulijua kuwa si kweli, na nadhani naye alijua. Maneno yale hayakutugharimu kitu. Tuliyasema ili sisi tupate kutoka nyumbani mle tukiwa na raha. Siku moja aliniomba nimpelekee kitabu cha utenzi wa Liyongo akisome kitandani. Nikaahidi, shughuli zikanizonga, na kitabu kilifika siku mbili baada ya mazishi. Mama yake alikipokea kwa mikono miwili, akanishukuru, na mpaka leo sijasahau shukrani ile.

Nilipoitazama Supa Modo nililijua kosa langu mahali lilipo. Watu wa kijiji kile walimwambia mtoto jambo lisilokuwa, kama mimi. Lakini wao walilifanyia kazi. Walitoa siku zao, nguo zao, jasho lao na heshima yao ya utu uzima, na neno la uwongo likazaa kitu cha kweli: filamu iliyoweza kushikwa mkononi, na siku ambazo mtoto hakuwa peke yake. Mfalme wa Pate alitumia hila ili yeye apate. Mimi nilitumia hila ili mimi nisipate taabu. Wao waliitumia wakaingia katika taabu. Hapo, kwa fahamu yangu, ndipo palipo tofauti, na mtu anaweza kuipima hila yake mwenyewe kwa mizani hiyo kabla ya kupima ya mwenziwe.

Vivyo hivyo ndivyo tunavyoweza kuwapima mashujaa. Liyongo alikuwa na mwili wa kubeba kinu na mchi, akafa peke yake penye kisima, na mji mzima ukiwa na kiu kwa kumwogopa. Jo hakuweza kubeba hata mwili wake mwenyewe, akafa akizungukwa na watu wasiomwogopa. Mtu akiniuliza ni yupi kati yao aliyekuwa na nguvu zaidi, nitamwambia akaulize kwanza ni mji upi uliokuwa mwema zaidi. Shujaa ni kioo; watu waliomfanya huonekana ndani yake.

Wala sisemi haya ili kumshusha Fumo Liyongo. Kijumwa alikuwa mwerevu. Angaliweza kumaliza utenzi wake pale mfungwa alipovunja minyororo, nasi tungelishangilia tukaenda kulala. Hakufanya hivyo. Alitupeleka mpaka kisimani, akatuonyesha mji uliomsaliti mtu wake ukikosa maji. Huenda aliwaambia watu wa zama zake, waliokuwa wamepoteza mengi, kuwa wageni peke yao si sababu ya maangamizi yote. Ziko sindano zinazotoka nyumbani. Mshairi aliyewapenda watu wake hakuwasifu tu, aliwaonya pia.

Basi mwanafunzi anyoshapo mkono siku hizi na kuniuliza kama Liyongo alikuwako kweli, humweleza zile hitilafu za wanazuoni, kwa kuwa ni haki yake kuzijua. Kisha humwuliza nami. Ikiwa leo wewe na wenzako mngepewa kalamu, au kamera, mkaambiwa mfanye shujaa wa visiwa hivi, mngemtoa wapi? Wengi hujibu upesi: atoke katika mawimbi, awe na nguvu za papa, avunje majahazi. Huwaacha waseme. Mwaka jana msichana mmoja wa viti vya nyuma, asiyesema sana, alisubiri wenziwe walipokwisha, akasema kuwa yeye angeanza na Saada.

Nilimwuliza kwa nini. Akasema, "Kwa sababu yeye ndiye aliyeuchukua mkate mbele ya walinzi, na hakuwa na nguvu yoyote."

Nikamwambia aandike. Ameanza.